Mashamba Juu ya Miti: Safari ya Taveuni

Kisiwa cha Taveuni, nchini Fiji, kina wakulima wa aina mbili. Wa kwanza ni watu, wanaolima magimbi kwenye miteremko ya udongo mweusi wa volkano na kuyasafirisha hadi New Zealand na Australia. Wa pili ni sisimizi wa rangi ya kahawia, wenye urefu wa milimita chache, ambao mashamba yao yako juu ya miti. Nilisafiri kwa ajili ya hawa wa pili. Nimerudi nikiwa siwezi kuwazungumzia bila kuwataja wale wa kwanza.

Kisayansi sisimizi huyo anaitwa Philidris nagasau. Spishi yake ilielezwa na Mmarekani William Mann, aliyezunguka Fiji mwaka 1915 na 1916 akikusanya wadudu, katika chapisho alilolitoa mwaka 1921 kuhusu sisimizi wa visiwa hivyo. Karibu karne nzima ikapita kabla dunia haijajua kazi anayoifanya. Mwaka 2016 Guillaume Chomicki na Susanne Renner, waliokuwa Chuo Kikuu cha Munich nchini Ujerumani, waliandika katika jarida la Nature Plants kwamba sisimizi huyu hulima. Hulima spishi sita za mimea ya jenasi Squamellaria, inayoota juu ya matawi bila kuunyonya mti ulioibeba. Hukusanya mbegu, huzipanda, huilinda miche na kuitilia mbolea, kisha huvuna. Hajengi kiota mahali pengine popote isipokuwa ndani ya mimea hiyo, nayo mimea haiendelei bila yeye.

Squamellaria ni ya familia moja na mbuni. Jambo hilo lilinigusa, maana nimelelewa na kahawa. Katika kihamba cha wazazi wangu, shamba la nyumbani kwenye mteremko wa kusini wa Kilimanjaro, mibuni ilisimama chini ya migomba, migomba chini ya miringaringa, na magimbi yakaota kando ya mfongo ulioleta maji kutoka msituni. Mtoto wa kihamba hufundishwa mapema kwamba mbuni ukiachwa misimu michache bila kupogolewa wala kutiliwa samadi, hugeuka kichaka. Kwa hiyo niliondoka na swali la mkulima: sisimizi huyu analimaje, na kati yake na mmea, nani anamtumikia mwenzake?

Kutoka Afrika Mashariki hadi Fiji ni safari ndefu ya ndege moja baada ya nyingine, na ukifika, saa za wenyeji ziko mbele ya zetu kwa saa tisa. Kule kumekucha, kwetu watu wamelala. Kutoka Nadi, kwenye kisiwa kikubwa cha Viti Levu, nilipanda ndege ndogo ya rafadha iliyoruka chini kiasi cha kuona miamba ya matumbawe ikibadilisha rangi ya bahari, samawati iliyokolea kisha kijani. Taveuni ilitokea kama mgongo mrefu uliofunikwa na mawingu. Ni kisiwa cha tatu kwa ukubwa nchini humo, chenye eneo la kilomita za mraba 435 hivi, na kilele chake kirefu zaidi, Uluigalau, kina mita 1,241. Kisiwa chote ni volkano. Juu ya mgongo wake yamepangana mashimo mengi ya kale yaliyowahi kutema moto, na mvua inayonyesha juu yake ni nyingi mno. Uwanja wa ndege wa Matei uko ncha ya kaskazini, ukanda mwembamba wa lami uliozungukwa na minazi.

Barabara inafuata pwani ya magharibi kupitia Somosomo, makao ya Tui Cakau, mmoja wa machifu wakuu wa Fiji, hadi Waiyevo, mahali ambapo nyuzi 180 za longitudo hukatiza kisiwa na kibao kinawaonyesha wageni mstari huo. Nilishuka garini kabla ya kijiji cha wenyeji wangu ili nijiandae. Adabu ya Fiji inamtaka mgeni asiingie kijijini mikono mitupu. Anapeleka fungu la mizizi ya yaqona, mmea wa jenasi moja na pilipili manga, na kulikabidhi kwa wazee pamoja na maelezo ya nia yake. Desturi hiyo wanaiita sevusevu.

Nilivua kofia, nikakaa mkekani nimekunja miguu, na mwenyeji wangu akanisemea kwa Kifiji. Mizizi ikatwangwa, ikachujwa kwa maji katika bakuli kubwa la mbao, na nikapewa kinywaji katika kifuu cha nazi. Unapiga kofi moja, unasema "Bula", unakunywa mpaka mwisho, unapiga makofi matatu. Ulimi ukafa ganzi kidogo. Kwetu pia hakuna shughuli ya ukoo inayoanza kabla ya kata ya mbege, pombe yetu ya ndizi, kuzunguka kwa wazee, kwa hiyo nilitulia kama niliyezoea.

Mzee aliyeongoza kikao aliniuliza, kwa sauti ya upole, "Umepita bahari zote hizo kuja kutazama sisimizi?"

"Ndiyo, mzee wangu. Nimesikia kuwa ni wakulima, nami ni mtoto wa wakulima. Nimeona nije niwaamkie."

Akatikisa kichwa kwa kuridhika. Akasema mimea hiyo wanaifahamu tangu utoto, kwa kuwa atakayeigusa atakiona. Kisha akamwita mjukuu wake, kijana mkulima wa magimbi ambaye pia huwaongoza wageni milimani, akamwagiza anipeleke. Kwa ruhusa hiyo msitu ukawa wazi kwangu.

Tuliondoka alfajiri. Njia ya magari inayopanda kuelekea Des Voeux Peak, kilele cha mita 1,195 chenye minara ya mawasiliano, huanza katikati ya mashamba. Saa ya kwanza ya kutembea ilikuwa magimbi matupu, mistari kwa mistari, majani yake yakishika umande. Baada ya hapo yakaanza mabaki ya msitu: mti mmoja mrefu katikati ya shamba, kisha mitatu, kisha ukuta wa kijani. Hewa ikapoa. Kuvumwani na kuvu vilifunika kila shina, na njiwa waliokuwa wakiita kule juu hatukuwaona.

Kijana alisimama mahali ambapo msitu unaachia mwanga, kwenye kona ya njia. Akanyoosha kidole kwenye matawi ya mti mmoja. Nilichoona kwanza ni madonge ya rangi ya kijivu na kahawia, mengine madogo, mengine makubwa kuliko nazi yenye makumbi, yameng'ang'ania matawi na kuchomoza vishada vya majani mazito ya kijani. Nikahesabu machache, nikaona mengine nyuma yake, na mengine tena kwenye mti wa jirani. Nilipoinua darubini, mistari myembamba iliyoungana na gome ikaanza kutembea. Zilikuwa barabara. Sisimizi walikuwa wakienda na kurudi kutoka donge moja hadi jingine, bila haraka na bila kusimama, na kila donge lilikuwa limeunganishwa na lililofuata.

Hili ndilo jambo la kwanza linalomshangaza mkulima anapoutazama mti huo. Mimea haikusambaa ovyo kama inavyosambaa mimea inayopandwa na upepo au ndege. Imekusanyika mahali penye jua, kwenye mti wenye gome linalofaa, na yote ni mali ya jamii moja ya sisimizi. Malkia yumo ndani ya mmea mmoja. Mimea mingine, hata makumi yake, inakaliwa na wafanyakazi na mabuu. Ukienda hatua chache ndani ya msitu, penye kivuli kizito, huyaoni madonge. Uchaguzi huo wa jua umechunguzwa na watafiti hao hao: mmea uliopandwa juani hutoa maua mengi zaidi, na maua ndiyo mavuno ya sisimizi.

Tulisogea hadi kwenye tawi la chini lililoweza kufikiwa kwa macho bila kupanda. Kwenye ufa wa gome niliona miche miwili, mmoja mdogo kuliko punje ya mchele, mwingine ukiwa tayari na majani mawili. Sisimizi wawili watatu walikuwa wakizunguka ufa huo. Wanapotoka kwenye tunda lililoiva wakiwa na mbegu, hawazili. Wanazibeba hadi kwenye nyufa na kuzisokomeza chini ya gome, kisha hurudi mara kwa mara kukagua mahali walipopanda. Mbegu ikiota, mche una kazi ya dharura, nayo ni kutoka ufani. Hurefusha kishina chake mpaka sehemu yake ya juu ifike hewani, na hapo chini ya majani shina linaanza kuvimba likiwa na uwazi ndani.

Uwazi huo ni mdogo mno kwa makazi. Hata hivyo wafanyakazi huuingia, hujisaidia humo, kisha hutoka. Mche unaoning'inia kwenye gome kavu, usiogusa udongo wowote, unalishwa kwa njia hiyo. Watafiti waliifuata naitrojeni iliyowekewa alama kutoka katika chakula cha sisimizi hadi katika tishu za mmea, na hapakubaki shaka kwamba mmea unaitumia. Nilipokuwa nikimtazama mfanyakazi mmoja akizama ndani ya mche wenye tundu lisilomzidi sana kwa upana, niliwakumbuka mama zetu wakibeba samadi mgongoni kupanda nayo mlimani. Kazi ni ile ile: kuupa mmea leo kitu ambacho utakilipa baada ya muda mrefu, pengine kwa mwingine na si kwako. Mfanyakazi anayetia mbolea kwenye mche huenda asiuone ukitoa ua.

Mbele kidogo upepo ulikuwa umeangusha tawi zima, na mmea mkubwa ulikuwa umepasuka uliposhuka nalo. Kijana alinishika bega nisikanyage, kwa kuwa wenyewe walikuwa wangali kazini. Hawana mwiba wa kuchoma kama nyuki, ila huuma, na hutoka kwa wingi kiasi kwamba mkono hufunikwa mara moja. Tulichuchumaa kwa umbali wa adabu tukatazama ndani ya nyumba yao.

Donge lote lilikuwa vyumba na vijia. Kuta za vyumba vingine zilikuwa laini na kavu, na humo mabuu meupe yalikuwa yakihamishwa kwa haraka, kila mfanyakazi na mzigo wake mdomoni, wakielekea gome la mti uliosimama. Kuta za vyumba vingine zilijaa vinundu vidogo. Nilikuwa nimesoma juu ya vinundu hivyo kabla ya safari, na kuviona kulinipa furaha ambayo sitaisahau. Mwaka 2019 Chomicki na Renner walionyesha kwamba sisimizi wa spishi hii hujisaidia juu ya vinundu hivyo peke yake, na vinundu ndivyo vinavyofyonza virutubisho kwa nguvu kuliko sehemu nyingine yoyote ya chumba. Watoto wanalelewa upande mmoja, mbolea inawekwa upande wa pili, na mmea umejijenga kuipokea mbolea pale pale inapowekwa. Kuna mimea ya jamaa hiyo inayokaliwa na sisimizi wengine wasioilima, na hao hawaufuati utaratibu huo kwa ukamilifu. Mpango huu ni wa mkulima na zao lake, waliofahamiana kwa muda mrefu sana.

Muda huo unakadiriwa kuwa kiasi cha miaka milioni 3. Sisi wanadamu tulianza kulima miaka elfu kumi na kidogo iliyopita. Wapo sisimizi waliotangulia zaidi, wale wa Amerika ya Kusini na Kati wanaolima kuvu ndani ya viota vyao kwa makumi ya mamilioni ya miaka. Lakini wale wanakula kuvu, na nyumba yao ni udongo. Huyu wa Fiji anaishi ndani ya zao lake. Shamba, ghala na nyumba ya watoto vyote ni kitu kimoja, na kinapumua.

Nikamuuliza kijana kama amewahi kuona maua. Akaniongoza hadi mmea mwingine ulioota kwenye tawi linalovuka njia. Maua yenyewe yalikuwa yameshapukutisha petali, na mtu asiyejua angesema yamekwisha. Hapo ndipo mavuno yanapoanza. Baada ya petali kuanguka, sehemu ya ua inayobaki huwa na sukari iliyofungiwa ndani ya tishu. Haitiririki nje ambako kila mdudu angeilamba. Philidris nagasau ndiye anayejua kuing'ata mahali panapotakiwa na kuifungua. Walikuwepo wachache wakifanya hivyo mbele yetu, vichwa vimezama katika mabaki ya ua. Mmea humlipa aliyeulima, na mlango wa ghala unafunguka kwa meno yake yeye.

Waswahili husema mkulima ni mmoja, walaji ni wengi. Juu ya tawi lile niliona hali nyingine: wakulima walikuwa maelfu, na mmea ulikuwa umehakikisha kuwa wanaokula ni wale wale waliolima.

Tulipoteremka, jua lilikuwa limekwisha choma ukungu, na kijana akanipitisha katika shamba lake. Alitaka nione kazi yake kama nilivyoona ya sisimizi, nami nilitaka pia. Aling'oa gimbi moja, akalikata juu akiacha kipande cha kichwa pamoja na mashina, akakishindilia kipande hicho ardhini kwa mti uliochongwa. Kazi ya nukta chache. Mama yangu hufanya vivyo hivyo kando ya mfongo, na nilipomweleza kijana hilo, alicheka kwa furaha ya mtu aliyegundua ndugu.

Kisha akaniambia habari ya udongo. Mwaka 1993 ugonjwa wa majani uliangamiza magimbi ya Samoa, iliyokuwa muuzaji mkubwa kwa jamii za visiwa zinazoishi New Zealand na Australia. Soko likahamia Fiji, na ndani ya Fiji likahamia hasa Taveuni. Fedha ziliingia kisiwani, nyumba zikajengwa, watoto wakasomeshwa. Shamba lililopaswa kupumzika likapandwa tena na tena, mavuno yakapungua, na mtu ambaye udongo wake umechoka anatazama juu, kwenye ukingo wa msitu, mahali ambapo ardhi bado ni nyeusi. Ukuta wa kijani tulioukuta asubuhi, alisema, katika utoto wa babu yake ulikuwa chini kabisa, karibu na minazi.

Sikuona sababu ya kumlaumu yeyote. Hata kwetu, mtu mwenye ada ya shule ya kulipa huuangalia mringaringa na kuhesabu mbao. Lakini nilikuwa nimetoka kuona mti mmoja ukibeba makazi, malkia, mabuu na mimea iliyolimwa kwa miaka mingi, na nilifahamu sasa kinachoanguka mti huo unapoanguka. Sisimizi wa namna hii hahamii kwenye gogo lililooza wala chini ya jiwe. Hana nyumba nyingine anayoijua.

Hesabu ya hasara hiyo imekwisha kuanza kufanyika. Fiji ina spishi za sisimizi zinazokaribia 190, na nyingi hazipatikani popote pengine duniani. Mwaka 2025 timu ya wanasayansi, miongoni mwao Cong Liu na Evan Economo, ilichapisha katika jarida la Science uchunguzi wa vinasaba vya sisimizi waliokusanywa visiwani humo kwa miaka mingi. Vinasaba hutunza kumbukumbu ya wingi wa jamii: jamii iliyowahi kuwa kubwa ikapungua huacha alama. Waligundua kuwa zaidi ya robo tatu ya spishi zinazopatikana Fiji pekee zimekuwa zikipungua. Upungufu ulianza baada ya wanadamu wa kwanza kufika, miaka 3,000 hivi iliyopita, na ukazidi kasi katika karne tatu za mwisho, zama za biashara, mashamba makubwa na sisimizi wageni walioletwa na meli. Spishi za wageni hao zimeongezeka katika kipindi hicho hicho.

Jioni hiyo niliwaeleza wazee matokeo hayo, kijana akitafsiri. Kukawa kimya, kisha mzee aliyenipokea akauliza swali ambalo ningetamani watafiti walisikie. "Tulipofika sisi, walipungua. Je, wamewahi kuongezeka mahali ambapo watu waliamua kuacha msitu?" Sikuwa na jibu la takwimu. Akaniambia niende Bouma kabla sijaondoka.

Bouma iko upande wa mashariki wa kisiwa, ambako barabara huzunguka kwa kaskazini na kuishia karibu na kijiji cha Lavena. Watu wa huko wana ardhi kubwa ya msitu kutoka ufukweni hadi kwenye mgongo wa volkano. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, wakati ukataji wa magogo ulikuwa njia iliyo wazi ya kupata fedha, walichagua njia nyingine. Kwa msaada wa New Zealand walianzisha hifadhi ya urithi wa taifa wanayoisimamia wenyewe, wakatengeneza njia za kwenda kwenye maporomoko ya Tavoro na njia ya pwani ya Lavena, na wageni wakaanza kulipa kuziona.

Nililipa kiingilio kwa mama mmoja aliyekuwa akisuka mkeka kibandani, nikapanda hadi maporomoko ya kwanza, ambako maji huanguka mita 20 na zaidi katika bwawa la kijani, kisha nikaendelea juu. Wengi waliishia kuogelea kwenye bwawa la kwanza. Mimi nilikuwa nikitafuta madonge. Nilichokuwa na hakika nacho wakati nikipanda ni kwamba miti ya kuyabeba ipo, mikubwa na mingi, na mwanga unaopenya kwenye kingo za mito huiangukia. Watoto wa kijiji hicho watakapotaka kuwafahamu wakulima wa matawini, hawatahitaji kuwapata vitabuni pekee.

Huko upande wa magharibi nako jambo jingine linafanyika, na kwangu lina uzito sawa na hifadhi. Wapo wakulima wa magimbi wanaopumzisha shamba kwa kupanda mukuna, jamii ya upupu lakini aina isiyowasha. Hufunika ardhi, huzuia magugu, hurudisha naitrojeni udongoni, na msimu ukifika hulazwa na magimbi yakapandwa humo humo. Mwenyeji wangu ameanza kwenye sehemu ya shamba lake. Alinionyesha blanketi hilo la majani akanieleza kwa hesabu rahisi: udongo ukipona hapa, hana haja ya kupanda kule juu.

Sasa naweza kulijibu swali nililoondoka nalo. Nilitaka kujua nani anamtumikia mwenzake kati ya sisimizi na mmea, na baada ya kuwaona naamini kwamba kulima ni kufungana. Sisimizi aliyeanza kupanda Squamellaria miaka milioni 3 iliyopita alipata nyumba na sukari, na akapoteza uwezo wa kuishi kwingine. Mmea ulipata mpandaji, mlinzi na mbolea, na ukapoteza uwezo wa kwenda peke yake. Kila kizazi kilikaza fundo hilo. Sisi nasi tumefungwa na mahindi, mpunga, migomba na kahawa kwa fundo la namna hiyo, ingawa bado changa, na mara nyingi tunajisemea kwamba mmea ni wetu na ardhi ni yetu, kana kwamba sisi si wake.

Lakini fundo la sisimizi na mmea lina mshiriki wa tatu, naye ni mti. Hawajaupanda wao, hawawezi kuurudisha ukikatwa, na maisha yao yote yameegemea juu yake. Mti huo uko mikononi mwa mkulima wa chini, mwenye jembe, ada ya shule na udongo unaochoka. Kwa hiyo kazi ya kumlinda Philidris nagasau haiwezi kuachiwa watafiti na hifadhi. Inafanyika pale mkulima wa magimbi anapopata mukuna, bei ya haki na udongo unaozaa bila kuongezewa msitu, na pale jamii yenye ardhi, kama ya Bouma, inapopata kipato kutokana na miti iliyosimama.

Kwetu Kilimanjaro, vihamba vingi vimeng'olewa kahawa na kukatwa miti ya kivuli, na tunaoishi mbali na nyumbani ndio wepesi wa kuwalaumu wazee waliobaki. Nawaomba wenzangu tuache lawama tuulize kile kinachoulizwa Taveuni: mkulima huyu anahitaji nini ili asiukate mti? Tukilijibu swali hilo kwa vitendo, kwa mbegu, samadi, soko na mikono ya vijana, miti itabaki, na pamoja nayo watabaki wakulima wadogo ambao majina yao hata hatujayajua.